Kenge Aliyekataa Mchanga

Kenge akikung'ata, usivute mkono. Najua mwili wote utakuambia uvute. Usiusikilize. Ukivuta unajichana mwenyewe, na yeye akihisi unavuta anazidi kubana. Shusha mkono taratibu mpaka miguu yake iguse kitu, iwe ardhi au gogo au maji, kisha tulia. Kenge hana shida na mkono wako. Anataka kwenda zake. Akishapata pa kukanyaga, ataachia.

Nimeanza na hilo kwa sababu nimeambiwa ninyi mlioajiriwa mwaka huu kwenye bustani yetu ya wanyama mmesoma chuo, na kijana mmoja kati yenu tayari ana bandeji. Pole, mwanangu. Mimi nimestaafu, lakini habari za kule bado zinanifikia. Mkuu wenu ameniomba niwaandikie machache kuhusu kazi ya kenge. Niliishia darasa la tano, kwa hiyo msitafute majina ya kisayansi humu. Nitawaambia nilichokiona kwa miaka yote niliyobeba ndoo.

Sikuichagua kazi hii. Baba alikuwa mfyatua tofali. Alifariki, na mama akamfuata kabla mwaka haujaisha. Nikabaki na wadogo zangu wawili, Masanja na Holo, katika nyumba yetu ya katikati ya mawe kule Ilemela. Nilifyatua tofali kwa muda, maana ndiyo kazi niliyoiona nyumbani, halafu nikasikia bustani inatafuta mtu wa kusafisha mabanda. Nilipofika wakaniuliza kama naogopa nyoka. Nikasema naogopa njaa zaidi. Mzee mmoja aliyekuwa amekaa pembeni akichambua dagaa wa kulisha ndege akacheka mpaka akakohoa. Huyo ndiye Mzee Lugata, Mkerewe, mwalimu wangu.

Wiki ya kwanza tu tuliitwa mtaa wa Igogo. Kenge alikuwa ameingia kwenye mtaro wa maji machafu nyuma ya nyumba ya mama mmoja mfanyabiashara wa mchele, Mama Zuhura. Mama huyo alikuwa amesimama juu ya kiti cha plastiki, kanga kaishika magotini.

"Ndiyo huyu mliyemleta?" alimuuliza Mzee. "Kabinti kama haka kakamate lile joka?"

"Si joka, mama, ni kenge."

"Kenge ndugu yake ni nani? Kamaliza vifaranga vyangu sita. Na wanasema anachapa ng'ombe kwa mkia anavunjika mguu!"

Nilitaka kumwonyesha mama yule. Nikaona mkia umetokeza kwenye bomba, nikaushika kwa mikono miwili, nikavuta. Jamani! Kenge akivutwa ndani ya tundu hujijaza hewa, huvimba hadi kugusa pande zote, hukita kucha, na hapo umevuta mlima. Nilivuta hadi jasho likaniingia machoni. Hatimaye mkia ulinichomoka mikononi ukanichapa mapajani, nikaketi kwenye maji ya mtaro.

Mama Zuhura alisahau hofu yake. Alicheka juu ya kiti chake hadi jirani wakaja.

Mzee Lugata hakucheka. Aliweka mdomo wa gunia mbele ya bomba, akatandika matete mapya ndani yake ili pawe kama kichaka, akatuambia wote tukae kimya. Kisha akamimina maji polepole upande wa pili. Tulikaa muda wa chai kuchemka na kupoa. Ulimi ukatangulia, mrefu, umegawanyika ncha mbili, ukionja hewa. Halafu kenge mwenyewe akatembea akaingia guniani kama mgeni anayeingia sebuleni.

"Umeona?" Mzee akaniambia. "Mwache aone hakuna anayemvuta."

Njiani nikiwa nanuka mtaro, aliniambia watu husema sikio la kenge halisikii mpaka litoke damu. "Uongo mtupu. Kenge anasikia, tundu la sikio lile pale nyuma ya jicho, liangalie. Asiyesikia ni wewe."

Sasa nije kwa Mama Magu.

Wakulima wa mpunga wa Magu walimnasa kwenye jaruba wakatuletea, kwa hiyo tukamwita kwa jina la kwao. Alikuwa kenge jike, mrefu kunizidi ukiunyoosha mkia, ngozi imefifia kama jani kavu na madoa ya njano yaliyochakaa. Kenge wachanga ndio wenye rangi. Wanaishi juu ya matawi yaliyoinamia maji, na mistari yao ya njano na nyeusi inawaficha kwenye mchezo wa jua na majani. Ukiwashtua wanajiachia, chubwi, wameshazama. Mkubwa hana haja ya kujificha sana, anashinda mwambani akiota jua. Lakini msidanganyike na uzito wake. Mama Magu alipanda mkuyu wa bandani kwake haraka kuliko mimi ngazi.

Siku za kwanza alikula vizuri. Konokono na kaa, furu wabichi, wale samaki wadogo wa ziwani, na mayai. Alimponda konokono na kutafuna taratibu, maana meno ya kenge mzee huwa butu kama magego, yamekuwa ya kusagia. Halafu mvua za vuli zilipoanza kunukia hewani, akaacha kula. Tumbo likajaa pembeni. Akawa anazunguka banda toka asubuhi, anachimba huku, anaacha, anachimba kule. Tulimletea mchanga laini wa ufukweni, mikokoteni mitatu, tukaumwaga kwenye kona. Aliunusa, akaukanyaga, akaondoka.

"Ana mayai," Mzee akasema. "Asipoyataga yatamwozea tumboni. Nimeshazika mmoja hivyo."

Mkuu wetu wa wakati ule, Bwana Mkuu kama tulivyomwita, alikuwa mtu wa haki lakini wa haraka. Alisema mchanga ni mchanga, ataingia tu. Mama Magu hakuingia. Siku ya tatu alikuwa analala kidevu chini, haoti hata jua.

Nilikuwa nafagia nikimtazama ndipo nikamkumbuka baba. Baba alifyatua tofali zake kwa udongo wa kichuguu, kama wafanyavyo wengi kwetu, maana mchwa wameshausaga na kuushikanisha. Nilipokuwa mdogo tulikuwa tunabomoa kichuguu kimoja, sururu yake ikazama kwenye shimo, na ndani mlikuwa na mayai meupe, marefu, laini kama ngozi ya kiatu kipya. Baba aliyatazama, akarudisha udongo kwa mikono, akahamia kichuguu kingine. "Hicho kina mwenyewe," alisema.

Nikamwambia Mzee. Akaniangalia kama mtu aliyesahau jina la mwanawe. "Kenge wote wa kwetu kisiwani hutaga humo," akasema, "na mimi nimekaa hapa nabeba mchanga."

Nje ya banda, hatua chache tu kwenye pembe inayotazama ziwa, palikuwa na kichuguu kizima chenye mchwa. Tulimwomba Bwana Mkuu tusogeze waya wa banda ukizunguke. Alikubali kwa shingo upande. Mvua ilikuwa bado haijashuka, na kichuguu kikavu ni kigumu kama saruji, kwa hiyo nilibeba maji ziwani ndoo baada ya ndoo nikalowesha ubavu mmoja. Mama Magu alifika pale akiyumba. Ulimi ukatoka ukagusa udongo. Akachimba tangu saa tatu mpaka jua lilipokuwa utosini, nyuma yake tu ndiyo inaonekana, mchwa wamemjaa miguuni wala hajali. Alipotoka alikuwa amepungua kama gunia lililomwagwa mahindi. Akaenda kwenye beseni akanywa maji, akapanda mwambani. Hakugeuka.

Kesho yake mchwa walikuwa wameziba tundu lote. Hiyo ndiyo siri, vijana. Kenge hana haja ya kulinda. Mchwa hawaachi ufa kwenye nyumba yao, basi wakijizibia wao wanamzibia na yeye, na ndani kunabaki na joto lilelile na unyevu uleule, iwe kiangazi au mvua. Mayai hukaa humo miezi mingi sana. Kuku ni siku ishirini na moja. Kenge atakuchosha hadi usahau.

Na mimi ndipo nilipokosea.

Kiangazi kilipokaza, Bwana Mkuu alituita akasema pembe ile yenye kichuguu ndiyo yenye upepo na kivuli, patajengwa kibanda cha wageni kupumzika. Mafundi wangekuja baada ya miezi miwili. Kichuguu kitaondolewa.

"Na mayai, mkuu?" niliuliza.

"Milembe, miezi minane imepita. Kama yangekuwa mazima yangeshatotolewa. Hayo ni viza."

Mzee Lugata alisema yatatoka mvua ikinyesha. Bwana Mkuu akasema mafundi hawasubiri mvua, ndiyo maana wanaitwa kiangazi.

Nilirudi nyumbani nikiwa na jambo langu kichwani. Tulikuwa na kuku mwekundu, mwatamizi hodari. Jirani walimwazima hata kuatamia mayai ya bata. Tetea ameshatotoa bata, nikajiuliza, kenge atamshinda nini? Sikumwambia Mzee. Asubuhi Mama Magu akiwa mwambani, nilitoboa kichuguu kwa jembe la mkono, mchwa wakinitafuna vidole, nikatoa mayai kumi na mawili, nikayapanga kwenye kikapu chenye pumba. Tundu nikalifukia. Nikayapeleka Ilemela.

Masanja wakati ule alikuwa kidato cha kwanza na mdomo wake hauna kufuli. Kila asubuhi alichungulia kiota.

"Dada, watoto wa kuku wetu wakitoka tutawalisha nini? Wenzao?"

"Nyamaza, Masanja."

"Nauliza tu. Maana mama yao atakuwa wa kwanza kuliwa."

Holo, mdogo wetu wa mwisho, hakucheka. Alimwekea kuku maji, akamwambia asiogope.

Yule kuku alifanya kazi yake yote. Kila siku aligeuza mayai yale kwa mdomo, moja baada ya jingine, kama alivyofundishwa na Mungu. Mawili yalitobolewa na kucha zake, maana ganda ni laini. Yaliyobaki yakaanza kubonyea, kisha yakatoa harufu. Wiki ya tatu nilipasua moja nyuma ya jiwe ili wadogo zangu wasione.

Ndani mlikuwa na kenge. Mzima kwa umbo, amejikunja, mistari ya njano yote imeshachorwa, kucha zote zipo. Amekufa.

Si viza, vijana. Hayakuwa viza. Yalikuwa yanasubiri, na mimi nikayaweka chini ya kuku. Baadaye daktari mmoja wa mifugo alinieleza kwamba mtoto wa kenge hujishikiza upande wa juu wa yai, na ukiligeuza unamfunika na maji yake mwenyewe. Kwa kuku kugeuza ni uhai, kwa kenge ni kifo. Ikibidi siku moja muhamishe yai la kenge au la kobe au la mamba, chukueni penseli kwanza, wekeni alama juu, na alama ile ibaki juu hadi mwisho. Mimi sikuwa na penseli wala wa kumuuliza. Yaani, wa kumuuliza nilikuwa naye. Sikumuuliza.

Kwa siku mbili sikuweza kumtazama Mzee Lugata. Siku ya tatu nilimwambia. Alikuwa anakata samaki, akaendelea kukata.

"Mangapi?"

"Kumi na mawili."

"Na Bwana Mkuu anajua?"

"Hapana."

"Basi una safari mbili. Hii ya kwangu umemaliza."

Ofisini nilisimama mlangoni. Niliwaza juu ya Masanja na Holo: nikifukuzwa, mmoja wao ataacha shule kama nilivyoacha mimi, na nitakuwa nimeacha mara mbili. Lakini mle kichuguuni kulikuwa na wengine waliobaki, na mimi tu ndiye niliyejua kwa macho yangu kwamba ni wazima. Nikinyamaza, sururu itawakuta.

"Shikamoo, mkuu."

"Marahaba. Kuna nini?"

Nilimweleza yote, mpaka kuku. Alivua miwani.

"Umechukua mayai ya bustani ukampa kuku wako."

"Ndiyo."

"Na yamekufa yote."

"Yote. Lakini yalikuwa na watoto, mkuu. Wamekamilika. Ulisema viza. Waliobaki ndani wako hai."

Aliipangusa miwani kwa pindo la shati. Nadhani alitaka kucheka na kunifukuza kwa pamoja. Mwishoni akasema, "Andika barua. Eleza kosa lako na unachoomba. Nitaamua nikiisoma."

Holo alijitolea kuniandikia, alikuwa na mwandiko mzuri na maneno ya barua kama "husika na kichwa cha habari hapo juu." Nilimkatalia. Niliandika mwenyewe kwenye karatasi ya daftari lake, na ninaikumbuka yote kwa sababu ilikuwa fupi: "Nimeua kenge kumi na wawili kwa kutojua. Naomba kichuguu kisubiri mvua ya kwanza. Mvua ikinyesha wasitoke, nitakibomoa mimi mwenyewe na kuacha kazi."

Bwana Mkuu aliisoma akaikunja akaitia mfukoni. "Mvua ya kwanza," alisema. "Si ya pili."

Mafundi wakaja. Wakaanza msingi kutoka upande wa pili, wakija taratibu kuelekea kichuguu. Kila siku niliangalia mbingu ya upande wa ziwa. Mawingu yalikusanyika juu ya visiwa, yakatawanyika. Mama Magu aliota jua mwambani, kashiba, wala hakukitazama kichuguu hata mara moja. Watu husema mama hurudi kuwafukua watoto. Huenda wengine hurudi. Wa kwetu hakurudi.

Fundi mmoja akanitania, "Dada, hicho kichuguu ni kaburi la nani mpaka ukilinde?" Niliendelea kutazama mawingu.

Msingi ulipobakiza hatua nne, nilichukua ndoo. Niliona kama maji yalimsaidia mama kuingia, yatawasaidia watoto kutoka. Mzee Lugata alinishika mkono wa ndoo.

"Ukimwaga wakati wao haujafika, utawazamisha. Kumi na mawili hayajakutosha?"

"Mzee, kesho wanafika hapa."

"Kesho ni kesho. Weka ndoo chini."

Niliiweka chini. Mnajua, katika miaka yote ya kazi ile, kushika kenge mwenye hasira ilikuwa rahisi kuliko kuweka chini ile ndoo.

Kesho yake mafundi walikuwa wanachanganya saruji wakati upepo ulipotoka ziwani na kugeuza majani ya mkuyu tumbo juu. Mvua ilishuka ghafla, kubwa, mafundi wakakimbilia penye paa. Ilinyesha hadi kichuguu kikawa cheusi. Ilipokatika, kumbikumbi wakaanza kutoka kwenye matundu, na mafundi, watu wazima wenye ndevu, wakaanza kuwakamata kwa kofia. Ikawa kelele na vicheko. Mimi nikawa nimepiga magoti ubavuni, pale nilipotoboa kwa jembe langu.

Udongo ulicheza. Ukatulia. Ukacheza tena.

Mmoja peke yake asingeweza, sasa najua. Walikuwa wakichimba wote kwa pamoja kutoka ndani, wamepandana, wa chini akisukuma wa juu. Udongo ukaanguka na kichwa kikatokeza, kidogo kama kidole gumba, cheusi chenye mistari ya njano, na ulimi ukatoka kuonja dunia. Mzee Lugata akasema kitu kwa Kikerewe ambacho hajawahi kunitafsiria. Bwana Mkuu alikuja na mwavuli wake ingawa mvua ilikuwa imekwisha.

"Mama yao yuko wapi?" aliuliza.

Nikamwonyesha mwambani.

"Na nani atawafundisha?"

Watoto walikuwa wameshaanza. Walipita kwenye matope moja kwa moja hadi kwenye shina la mkuyu, wakapanda, wakafuata tawi linaloinamia maji. Wengine walikuta waya njiani. Waya ulikuwa wa kuzuia mkubwa. Wao walipenya kama hakuna kitu. Bwana Mkuu alikuwa ameshaanza kusema habari za banda jipya la kenge wachanga na kibao cha maelezo, akakatiza akiwatazama wakitokomea. Nilijua upana wa matundu ya waya ule, nilikuwa nimeufunga kwa mikono yangu. Sikuwahi kumtajia.

Nilihesabu kumi na tisa. Wa mwisho alikuwa amekwama, mguu wa nyuma umebanwa na bonge la udongo nililolishindilia mimi siku ile ya jembe. Nikalivunja kwa kidole. Akageuka akaning'ata.

Maumivu yake ni kama sindano nyingi. Mwili wote uliniambia nivute. Nilimwinua taratibu akiwa ananing'inia, nikatembea naye hadi kwenye mkuyu, nikaweka mkono kwenye gome la mti, nikangoja. Miguu yake ikatafuta, ikapata. Akaachia, akapanda.